Mchumba kavunja uchumba kwa voisi, kisha kanibloku

SWALI

Asalaam alaykum Bi. Mie kijana wa Wete, nna miaka 27, nna duka la vifaa vya ujenzi. Nilikuwa na mchumba, tumeposana rasmi, wazee wamekwenda, kishika uchumba kimepokelewa, harusi tulikuwa tuifanye Mfunguo Tatu. Yeye yuko Unguja anasoma chuo. Mwezi uliopita usiku kanitumia voisi, kasema moyo wake haupo tena, nimsamehe, wazee atawaambia mwenyewe. Nkapiga hakupokea, nkaandika meseji nyingi hata sikumbuki ngapi, asubuhi naamka kanibloku. Mpaka leo kwao hawajasema kitu na grupu la harusi bado mashangazi wanachagua sare. Kila usiku nachukua simu ya mdogo wangu wa kike naangalia stetasi zake na kama yuko onlaini. Picha zake ninazo, nyengine hana mtandio. Paswedi ya Instagram yake ninayo mana mie ndo nilomfungulia. Rafiki yangu ananambia niweke stetasi watu wajue alivonifanya, au nipande boti nimfate chuoni anambie usoni. Bi, hivi uchumba unavunjwa kwa voisi kweli? Na mie nifanye nini, silali.

JIBU

Waalaykum salaam mwanangu. Pole, pole sana. Nimeisoma barua yako zaidi ya mara moja na kilichonishika ni hilo neno "silali" ulilolitia mwisho kabisa kama kitu kidogo. Si kidogo. Ntakujibu kirefu na ntachanganya, mana kuna ya moyo, kuna ya simu na kuna ya wazee, na kwako weye yote yamegeuka kitu kimoja.

Lile la voisi kwanza. Ndio, uchumba umevunjika. Kasema kwa sauti yake mwenyewe, hakusemewa na mtu, na maneno yake kama ulivoyaandika hayana pa kupenya: moyo haupo, nisamehe, wazee ntawaambia. Posa kwetu ni ahadi ya ndoa, ndoa yenyewe bado, kwahivo hapo hakuna talaka wala eda wala karatasi ya kuifata kwa kadhi. Mashekhe hawapendi ahadi ivunjwe ovyo bila sababu, hilo kweli, lakini hakuna alosema msichana lazima aolewe kwa kuwa keshaposwa. Siku ya ndoa ataulizwa kama ameridhia, na yeye kakwambia mapema kuwa hajaridhia. Bora umelisikia sasa kuliko kulisikia baada ya ndoa mkiwa na mtoto.

Ila hiyo voisi imekwambia weye tu. Haikumwambia baba yako aloenda kuposa, haikumwambia mshenga wala wale walopokea kishika uchumba. Nusu ya jambo imekwisha na nusu inaning'inia, na nnavoona mie hiyo inayoning'inia ndo inayokupa tamaa kila usiku, unajisemea mbona kwao kimya, labda atageuka. Kwao kimya kwa sababu hajathubutu kuwaambia. Mtoto wa kike kumwambia baba yake kuwa posa iloitikiwa mbele za watu yeye haitaki, hilo zito kweli kweli, wengi wanalikwepa mpaka siku zinawaishia. Hutaki uwe umekaa unasubiri ujasiri wake, kwahivo hii nusu ilobaki utaimaliza weye, ntakwambia vipi huko mbele.

Sasa kama ilikuwa adabu. Haikuwa nzuri, na kukutumia usiku ukiwa peke yako ndani ni kosa kubwa zaidi kuliko hiyo voisi yenyewe. Lakini hebu jiulize angekwambia wapi? Nyie hamkuwa mkikaa pamoja, hamkupaswa kukaa pamoja peke yenu, yeye Unguja weye Pemba na katikati bahari. Mapenzi yenu yote yameishi ndani ya simu, mumeulizana hali kwenye simu, mumegombana na kupatana kwenye simu, hata jina la mtoto wa mwanzo nadhani mulishalizungumza kwenye simu. Basi na mwisho umetokea huko huko. Vijana wanaokuja kwangu wengi wanalia na hili, wanaona wamedharauliwa kwa kuwa hawakuambiwa ana kwa ana, na nikiwauliza mara ya mwisho mlionana ana kwa ana lini wanaanza kuhesabu Idd. Sikwambii usiumie, nakwambia usiichukue ile voisi kama dharau juu ya dharau. Nnavoisikia mie kwenye maelezo yako ni woga. Angeweza kunyamaza tu, akaacha simu inaita mpaka ukachoka mwenyewe, na hao wapo tele na maumivu yao huchukua muda zaidi mana mtu hajui hata aanze lini kulia.

Na kukubloku, mwanangu, kuna sehemu umeiandika haraka haraka ukapita. Umesema meseji hata hukumbuki ngapi. Yeye kaamka kazikuta zote, zinashuka tu kwenye skrini, mwanzo unabembeleza, katikati unalaumu, mwisho sijui ulisema nini na pengine na weye huthubutu kurudi kuzisoma. Mtu akikuta hivo anaingiwa na khofu hata kama unaemwandikia hujawahi kumnyanyulia sauti. Sikulaumu, uchungu unamtoa mtu kwenye akili yake. Ila bloku ile ni mlango kaufunga apate kupumua, na ukiendelea kumchungulia kupitia simu ya mdogo wako ni sawa na kuuzunguka ule mlango ukapitia uani.

Hapo kwenye simu ya mdogo wako ndo penye ugonjwa wako wote, kwahivo nisamehe ntakaa hapo.

Wazee wetu wakivunja uchumba, vitu vilirudi, barua zilichomwa, na yule mtu ukawa humuoni tena mpaka pengine harusini au msibani, tena kwa mbali. Jicho lilipumzishwa na moyo ukafata. Siku hizi mtu anaondoka kwenye maisha yako halafu anabaki mfukoni mwako. Kaondoka kwenye uchumba, kwenye simu hajaondoka, na kumuondosha huko si kazi yake, ni yako, hakuna mshenga anaeweza kukufanyia.

Na hili si porojo la kizee changu. Mwaka 2010 wataalamu wa Marekani, mmoja wao Helen Fisher, waliwachukua watu 15 walioachwa karibuni na bado wanapenda, wakawatia kwenye mashine ya kupiga picha ubongo huku wanaoneshwa picha ya yule alowaacha. Sehemu zilizowaka ni zile za kutaka kitu kwa nguvu, ambazo zinawaka pia kwa mtu anaetamani kokeini. Mwaka wa pili yake wengine wakaangalia watu 40 walioachwa wakaona maumivu ya kuachwa yanagusa sehemu za ubongo zinazohusika na maumivu ya mwili. Kwahivo ukinambia kifua kinakuuma siwezi kukwambia unajitia. Halafu mwaka 2012 mtafiti wa Uingereza, Tara Marshall, aliwauliza watu 464 juu ya kuwachungulia wapenzi wao wa zamani Facebook, na wale wanaochungulia sana ndo walokuwa na uchungu zaidi, na tamaa zaidi, na hawasogei mbele. Sasa mtu anaweza kusema huenda wanachungulia kwa sababu wameumia zaidi, na ni kweli utafiti kama ule hauwezi kukata hilo, lakini mie kwa nnaowaona sijapata kumuona hata mmoja alopoa huku anachungulia.

Tena tazama unachokipata kule. Unafungua unakuta yuko onlaini saa sita za usiku. Haikwambii anaongea na nani, inakwambia yuko onlaini tu, na mtu wa chuo saa sita za usiku anaweza kuwa kwenye grupu la asaimenti, lakini weye ushamtia mwanamme, ushampa sura, ushaanza kumchukia mtu ambae pengine hayupo. Siku nyengine unafungua hukuti kitu, unalala na tamaa. Siku nyengine kaweka aya, unaifasiri kuwa anakujutia. Mara unapata mara hupati, na kitu cha mara unapata mara hupati ndo kigumu kukiacha kuliko vyote, waulize wacheza kamari. Na jengine hujalifikiria: stetasi inakaa saa 24 na mwenye nayo anaona orodha ya walioitazama. Kila usiku anaona jina la mdogo wako. Anajua nani ameishika ile simu. Umemtia na huyo mtoto kwenye jambo lisilomuhusu, naye hawezi kukwambia hapana kwa sababu weye kaka yake.

Kwahivo leo hii mwite mdogo wako umwambie kwa mdomo, "nikija kukuomba simu usiku usinipe, hata nikikasirika." Mpe ruhusa ya kukunyima. Hilo litakusaidia kuliko kuapa peke yako.

Zile chati zenu, najua hutoweza kuzifuta na sitokulazimisha. Watu wanafuta kwa hasira kisha wanalia kama wamefiwa mara ya pili. WhatsApp inakuruhusu kuzitoa zote zikawa faili moja, zitoe maneno tu bila picha, zitie kwenye flashi umpe kaka yako au mtu unaemuamini akuwekee, halafu zifute kwenye simu. Ukija kuzitaka baada ya mwaka zipo. Wengi hawazirudii. Ile voisi nayo iende huko huko, usiiache ikawa karibu, mana nna hakika unaisikiliza na kila ukiisikiliza unatafuta kwenye sauti yake kitu kinachoonesha anasema uongo. Namba yake pia itoe kwenye orodha, hata kama umeihifadhi kichwani.

Picha ni jambo jengine kabisa na hapa sikupi hiari. Hizo picha amekupa kwa kuwa alikuamini utakuwa mumewe. Hukuwa mumewe. Uliziangalia kwa ahadi na ahadi haipo tena, kwahivo kilichobaki mkononi mwako ni amana na amana hurudishwa, na picha hairudishwi ila kwa kufutwa. Zifute zote, za mtandio na zisizo mtandio, leo. Na ukifuta usifute kwenye galari ukadhani umemaliza: ziko kwenye chati, ziko kwenye bakapu, kama unatumia Google Photos zinakaa kwenye pipa la taka mpaka siku 60 kwahivo ingia na huko ulimwage. Kisha kuna ule mtindo wa simu kukuletea kumbukumbu, unaamka asubuhi inakwambia mwaka jana kama leo, na picha yake ile pale. Kwenye mipangilio unaweza kuiambia isikuoneshe sura ya mtu fulani tena. Fanya hilo kabla halijakukuta, mana linakuja siku ambayo ulishaanza kucheka.

Tumefundishwa kuwa anaemsitiri mwenziwe Mwenyezi Mungu atamsitiri siku ya Kiama. Weye umepewa nafasi ya kumsitiri mtu alokuumiza, na hapo ndo pagumu na ndo penye malipo. Mtume mtu wa kike wa kwenu unaemuamini amfikishie neno moja tu kuwa picha zimefutwa, basi, bila ya kisa. Huyo msichana nae halali, nakuhakikishia, anajua una nini kwenye simu yako.

(Na msichana yeyote anaesoma hapa na anaishi na khofu hiyo, kama una miaka 18 kwenda juu kuna huduma inaitwa StopNCII.org, ilianza 2021, inaitengenezea picha yako alama maalum ndani ya simu yako mwenyewe bila picha kutoka, na mitandao ilokubali kushirikiana nao, Facebook na Instagram zikiwemo, ikiiona alama hiyo inaizuia picha isipandishwe. Na ukitishwa, usilipe pesa wala usifute ushahidi, piga skrinshoti, mwambie mtu mzima mmoja, muende Dawati la Jinsia kituo cha polisi.)

Paswedi nayo hivo hivo. Kumfungulia mtu akaunti hakukufanyi uwe mmiliki. Toka humo, na katika lile neno moja utakalompelekea liwemo na hili, abadilishe paswedi. Ukiingia sasa hivi bila ruhusa yake ukasoma meseji zake, hilo ni kosa kwenye Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, sheria ya Muungano inayotumika na huku Zanzibar. Sikutishi, nakujuulisha, mana vijana wengi wanadhani hayo ni mambo ya wezi wa benki tu.

Tunakuja kwa huyo rafiki yako wa stetasi. Huyo anakupenda, sina shaka, lakini anakupa ushauri wa mtu asiekuwa na cha kupoteza. Najua kwetu fumbo ni sanaa, bibi zetu walisemezana kwa kanga, mtu akiwa na lake anaivaa anapita nayo uchochoroni na anaetakiwa kuelewa anaelewa. Ila kanga inapita ikenda zake, na mvaaji anaweza kusema mie nimevaa nguo yangu tu. Stetasi inapigwa skrinshoti, inatoka Wete inafika Chake kabla hujamaliza chai, ikifika Unguja ishaongezwa chumvi, na jina liloandikwa juu yake ni lako na namba yako. Anaiona baba yake. Anaiona ami yako. Anaiona na yule msichana mwengine ambae pengine Mungu kakuandikia na kwao wataulizia khabari zako, wataambiwa huyo ndo yule alomuanika mwenziwe. Na sheria ile ile ya 2015, kifungu cha 23, inasema kumtumia mtu ujumbe kwa nia ya kumtisha, kumsumbua au kumuumiza moyo ni kosa, faini isopungua shilingi milioni 5 au kifungo kisopungua miaka 3 au vyote viwili. Kwa stetasi ya usiku mmoja.

Mwambie rafiki yako akitaka kukusaidia aje akukae, mwende uwanjani jioni, mwende mkavue, mle pamoja. Jina la yule msichana lisitajwe kwenye hayo mazungumzo kwa muda.

Na boti hapana. Nimeona vijana wanapanda boti na ua, nimeona wanaopanda na hasira, wote wanadhani wakifika atawaona atalegea. Ukimsimamia mtu nje ya dakhalia yake huku kakubloku, wenzake watakaokutazama hawatoona mchumba, wataona mwanamme anaemfata mwanamke alomkataa. Na weye unachokitaka kule ni jibu, kwanini. Nakuelewa, hilo kwanini linakata kama kiwembe. Lakini jibu lolote atakalokupa pale lango la chuo halitokutosha. Akisema kuna mwengine utauliza nani, akisema hakuna utasema mwongo, akisema weye mzuri tatizo mie, utakwenda nalo nyumbani ulipindue mpaka alfajiri.

Jibu kama lipo litafutwe kwa njia ilotumika kuposa. Nusu ilobaki niloisema juu, ndo hii. Mwambie baba yako. Najua hujamwambia, ungemwambia ungeandika. Kaa nae, usimtumie meseji, sema "baba, fulani kanambia hataki tena, kanambia mwenyewe, naomba tumalize kwa wema." Kisha mshenga yule yule alokwenda mwanzo arudi kwao, aseme kijana wetu kaambiwa hivi, na sisi tumekuja kusikia kwenu. Hapo wazee wake watamuuliza binti yao, na huenda hata ikawa umemfungulia njia alokuwa anaiogopa. Kama kuna sababu ambayo wanaona uijue, mshenga ataileta, na ikija kwa mdomo wa mtu mzima inakuja imepoa. Wakisema hakuna sababu ila moyo, basi ni hiyo.

Vitu pia vizungumzwe hapo hapo. Mahari kama ilishatangulia kabla ya akdi, asili yake inarudi. Zawadi za kawaida, nguo, simu, vocha na bando ulizomtumia, usizifatilie, hata kama zimekuuma. Kishika uchumba na dhahabu kama ipo wazee wataongea kwa mila ya kwenu, na wakigongana kuna kadhi, na kama mtataka mtu wa kuwaelekeza tu bila kufika huko kuna wasaidizi wa sheria kwenye shehia. Kitu kimoja nnakuomba, weye mwenyewe usiwe mdai. Usimwandikie mtu orodha ya vitu na bei zake. Nimeziona orodha hizo zikizunguka kwenye magrupu na hazikumrudishia mtu chochote.

Na grupu la harusi! Hili watu hawalifikirii kabisa na linaumiza kila siku, mashangazi wanaulizana kitambaa, mtu anaweka picha ya keki, halati anauliza mchango utapokelewa na nani, na weye umo ndani kimya unasoma. Usitoke kimya kimya, mana ukitoka watu wataanza kukupigia mmoja mmoja na utaeleza kisa kile kile mara thalathini. Na usilitangaze mwenyewe. Mshenga akisharudi, muombe mzee mmoja wa kwenu, ikiwezekana shangazi yako mkubwa anaesikilizwa, aandike maneno machache tu: harusi haipo tena, wazee wa pande zote wamekaa wakamaliza kwa kheri, michango itarudishwa na fulani, tunaomba tuwaombee wote wawili na tusiulizane. Kisha admini alifunge watu wasiweze kuandika, pesa za watu zirudi, halafu grupu lifutwe. Asiandike nani kamuacha nani. Watakaokuuliza dukani wajibu "haikuwa riziki" kisha wauzie misumari yao.

Usiku sasa. Simu isilale chumbani kwako. Ichajie ukumbini, adhana ya alfajiri itakuamsha huihitaji simu. Siku za mwanzo mkono utaitafuta gizani, utageuka geuka, inuka utie udhu uswali rakaa mbili, ukitaka kulia kwenye sijida lia, hapo hakuna anaekutazama na hakuna mwanamme alopungukiwa kwa hilo. Nalisema hili kwa sababu watoto wetu wa kiume wamelelewa hawana pa kulia, ndo mana uchungu wao unatokea kwenye meseji za saa nane za usiku. Mchana fungua duka kwa wakati, kula hata kama chakula kama mchanga, na mtafute mtu mmoja alokuzidi umri, ami, mwalimu wako wa chuo cha Kurani ulipokuwa mdogo, umwambie mambo yalivo. Mmoja anatosha.

Kama zikipita wiki mbili bado hulali wala huli, au ikikujia fikra kuwa bora usingekuwepo, hapo usimsubiri mtu wala usione haya, nenda hospitali ya Wete au Chake umwambie daktari hivo hivo kwa lugha ya wazi, na kabla ya kwenda mwambie alokaribu nawe ndani ya nyumba. Huo ni ugonjwa na unatibika, na waliokwenda nimewaona wamerudi kwenye shughuli zao.

Kuna jambo hukuniuliza na nna hakika litakuja. Siku moja, pengine ushaanza kulala vizuri, simu italia, kakufungulia bloku, kaandika "mambo" au "umzima?" na hakuna cha zaidi. Moyo utaruka. Usijibu usiku ule. Meseji ya aina hiyo mara nyingi ni upweke tu, mtu kakukumbuka, haina maana kakutaka. Asubuhi, baada ya chai, ukiwa dukani na watu wanaingia na kutoka, mjibu kwa adabu kuwa mzima alhamdulillah, na kama ana la kusema juu ya yale yalopita basi kwenu pako pale pale na mshenga anamjua. Akiwa na nia ya kweli, kwao watakwenda kwa mshenga. Akinyamaza, na weye nyamaza, usimfate na swali la pili.

Kaanze na baba yako. Leo baada ya Isha mana hapo huwa ametulia, na kama utaona maneno hayatoki mpe barua hii aisome.